Amri Aliyosomewa Mogga

Jubek, tarishi wa mahakama, aliegesha pikipiki yake kando ya tangi la maji, akavua kofia, akamuuliza Harriet Gune kama mwenye kiwanja yupo. Harriet alikuwa akikaanga tamia, zile bajia za dengu, za wateja wa asubuhi. Mafuta yalikuwa yamepata moto vizuri na hakutaka kuyaacha, kwa hiyo alimwelekeza kwa kijiko chake cha matundu.

"Iko nyuma," alisema. "Pita hapa kwa kuni. Chunga kichwa."

Nyuma ya jiko palikuwa na kamba ya nguo, mapipa mawili, na kaburi la Mogga, mume wa Harriet, lililosakafiwa kwa saruji na kusimikwa msalaba wa chuma. Jubek hakuona ajabu. Viwanja vingi vya Juba vimeandikwa majina ya watu waliokwisha kufa, kwa sababu kwenda kulifuta jina la marehemu kwenye ofisi ya ardhi watu huona ni sawa na kumfukuza mtu nyumbani kwake akiwa amelala. Matarishi wengine wakikutana na jambo hilo huandika "hakupatikana" na kwenda zao kunywa chai. Jubek hakuwa mtu wa hivyo. Kanuni ilisema karatasi ifike kwa mwenyewe, na kama mwenyewe hajui kusoma Kiingereza, asomewe kwa lugha anayoielewa. Yeye katika maisha yake ya kazi hakuwahi kuruka hata neno moja, jambo ambalo lilikuwa limewachosha watu wengi sana pale mjini.

Basi akakaa kwenye ukingo wa kaburi akamsomea Mogga amri yote, kwanza kwa Kiarabu cha Juba, kisha kwa Kiswahili, pamoja na jina la jaji na maneno ya kwenye mhuri. Amri ilisema kwamba mtu yeyote asivunje, asiuze wala asijenge kitu katika kiwanja hicho cha Nyakuron mpaka msuluhishi atakapoamua shauri, na kwamba wahusika wote wawepo kila watakapoitwa, hadi siku watakapokabidhiwa uamuzi. Alipomaliza akabana nakala chini ya jiwe, akarudi mbele, akala tamia zake na kuondoka.

Shauri lenyewe halikuwa gumu. Kampuni moja ya hoteli ilikuwa na mkataba wa kukodi kiwanja hicho, kubomoa mgahawa wa Harriet na kujenga ghorofa. Mkataba ulikuwa na sahihi ya Mogga, ila ulitiwa sahihi wakati Mogga alikwisha kufa kwa malaria na arobaini yake ilikwisha kupita. Aliyeshika kalamu ni mdogo wake, Laku, ambaye hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu anayependa kusema ndiyo. Harriet aliyajua hayo siku watu walipokuja kupima ukuta wake kwa kamba.

Zilpah, wakili Mkenya wa benki moja ambaye kila mchana alikula maharage kwa Harriet, ndiye aliyemsaidia.

"Mkataba umesema wakigombana waende kwa msuluhishi, sio kortini," alimweleza akimega kisra, ule mkate mwembamba wa mtama. "Kwa hivyo korti haiwezi kuamua hii kesi, mama. Lakini inaweza kushika mahali hapa pasiguswe mpaka yule msuluhishi amalize. Si utakuja kushinda kesi upate nyumba ishageuzwa mchanga?"

"Wewe andika," Harriet alisema. "Andika jina yangu kubwa."

Hapo Zilpah aliacha kula kidogo. Jina la Harriet halikuwa kwenye mkataba, wala kwenye kitabu cha ardhi. Hawakujaliwa mtoto, kwa hiyo hata kwenye vikao vya ukoo wa Mogga alikuwa mgeni aliyekaa muda mrefu. Ombi likapelekwa kwa jina la Mogga, na karani alipouliza huyu mama anayelia hapa ni nani, mtu akamjibu kwamba ni mpishi wa pale.

Jioni ya siku ile aliyokuja Jubek, Mogga alitokea nyuma ya jiko akijipangusa saruji mabegani. Alikuwa amevaa suti aliyozikwa nayo na mkononi ameshika karatasi.

"Harriet," alisema, "mimi naitwa na korti."

Harriet akamtazama toka kichwani hadi miguuni. Hao wawili walikutana kambini Adjumani, wakimbizi wote, yeye Mmadi wa Nimule na Mogga Mbari wa Kator, na lugha waliyopata kuongea pamoja ilikuwa Kiswahili hicho cha sokoni, chenye Kiarabu cha Juba ndani yake, na katika lugha hiyo walipendana kuliko watu wengi wanaopendana kwa lugha za mama zao. Aliketi juu ya gunia la unga akalia. Hakulia sana maana kulikuwa na wateja. Kisha akamvutia mumewe kiti cha plastiki, akamwambia viatu vile vya maiti havifai kwenda navyo kortini.

"Malesh," Mogga aliomba radhi. "Nyinyi ndiyo ilinunua."

Mtaa ulimpokea kama unavyompokea mtu aliyerudi kutoka Khartoum. Walimpa mkono, wakauliza habari za huko, naye akasema huko ni kutulia tu. Jumapili alikwenda na Harriet misani Kator, na wakati wa kupeana amani padri alishuka akampa mkono kama alivyowapa wengine, akafuta kiganja chake kwenye kanzu kwa sababu Mogga alikuwa baridi. Ubaridi huo ulileta faida. Harriet alipanga makreti ya soda chini ya kiti cha mumewe, na umeme ulipokatika mgahawa wake ulikuwa ndio pekee mtaani wenye soda ya baridi. Mogga mwenyewe hakula. Alipenda kuinamia sufuria ya bamia na kunusa, kisha anasema imepungua chumvi, na kweli huwa imepungua.

Kampuni ilileta tingatinga wiki hiyo hiyo, kwa kuwa msimamizi wake hakuamini makaratasi. Dereva alimkuta Mogga amekaa mlangoni.

"Wewe nani?" dereva aliuliza.

"Mimi ndiyo mwenyewe. Soma."

Dereva alisoma, akaangalia suti, akazima mashine. Akaagiza ful, maharage ya kupondwa, na mkate, akakaa mpaka jua lilipopungua ukali.

Laku naye alikuja. Alisimama nje muda mrefu akijifanya anatafuta kitu mfukoni, mpaka kaka yake alipomwita. Alivutiwa kiti. Harriet alimpa sahani ya asida, yaani ugali, bila kumtazama usoni, lakini aliijaza.

"Laku," Mogga alisema, "ile sahihi yangu ulifanya mzuri sana. Kushinda yangu."

"Malesh, kaka. Walisema ni kitu kidogo."

"Mimi najua. Kula."

Laku alikula akamaliza, akaomba mchuzi mwingine, akaondoka akilia. Mogga alisema mdogo wake huyo alikuwa hivyo hivyo tangu utotoni, analia baada ya kushiba.

Vikao vya usuluhishi vilifanyika katika ukumbi wa hoteli nyingine, upande wa uwanja wa ndege, wenye kiyoyozi na chupa za maji mezani. Msuluhishi alikuwa Bwana Elkana, jaji mstaafu aliyekuja kwa ndege kutoka Nairobi, mtu mpole anayekunja mikono ya shati mara mbili kabla ya kuanza. Alimuuliza Mogga anaishi wapi, Mogga akasema Nyakuron, nyuma ya jiko. Akamwonyesha mkataba na kumuuliza kama sahihi ile ni yake.

"Hapana, mzee. Siku hiyo mimi ilikuwa imekufa."

Bwana Elkana aliandika. Wakili wa kampuni alisimama akauliza kama kuna ushahidi wa kifo hicho.

"Uliza Harriet," Mogga alisema. "Ndiyo ilinikosha."

"Mama si mhusika katika shauri hili," alisema Bwana Elkana, na alilisema kwa adabu.

Harriet alikuwa amewekwa kwenye kiti karibu na mlango, pembeni ya meza ya chai. Alikuwa amevaa gauni lake la Pasaka. Watu walipotaka chai walimwonyesha kikombe, naye alinyanyuka akawamiminia, kwanza kwa hasira, baadaye kwa sababu walikuwa wanamwaga ovyo na kitambaa kilikuwa cheupe.

Mogga aliulizwa ukuta wa mashariki ulijengwa na nani. Akasema uliza Harriet. Akaulizwa baada ya yeye kufa ni nani alikaa pale miaka yote, wakati wa risasi na wakati wa amani. Akasema uliza Harriet, yuko hapo na birika. Akaulizwa mipaka ya kiwanja, mti gani na jiwe gani, naye akageuka akamtazama mkewe, na Harriet akafungua mdomo, na wakili wa kampuni akapinga. Bwana Elkana aliandika kwamba kumbukumbu za shahidi zimefifia, jambo linaloeleweka kwa mtu katika hali yake. Marehemu alikuwa na nambari yake kwenye jalada, kiti chenye mto na mkalimani wake. Mjane alikuwa na birika.

Usidhani Harriet alitamani mambo yaishe. Alimwambia Zilpah ukweli wake jikoni, mikono imejaa unga.

"Hii kesi ikikwisha, Mogga atarudi chini?"

"Amri inamtaka awepo hadi akabidhiwe uamuzi. Baada ya hapo haimshiki tena, mama."

"Basi wewe chelewesha."

Zilpah alichelewesha. Alikuwa wakili mzuri na alizijua njia zote: mara jalada halijakamilika, mara shahidi yuko Yei na barabara ni mbaya, mara ndege ya Bwana Elkana imeahirishwa na hapo hakuhitaji kusema uongo. Katika miezi ile Harriet alinenepa. Aliimba akisonga asida. Mumewe alikaa mlangoni akiwasalimu watu kwa majina, na wakati wateja wamepungua walikaa bega kwa bega, Harriet amejifunga shuka kwa ajili ya ule ubaridi.

Ila ardhi ilikuwa inamtaka mtu wake. Harriet alianza kuliona kwenye kiti. Miguu ya kiti cha Mogga ilizama kwenye udongo, kwanza kina cha kidole kimoja, halafu cha kiganja, na walipokivuta kikakatika. Akaweka ubao chini, ubao ukazama. Mchana mmoja alimkuta ameegemea nguzo ya jiko, macho wazi, midomo inatetemeka kama mtu mwenye homa ya siku nyingi. Mogga alikuwa hajafumba macho tangu siku aliyosomewa amri. Wafu hawawezi kusinzia juu ya ardhi, na yeye hakutaka kumwambia mkewe.

"Unachoka," Harriet alisema.

"Kidogo tu."

"Mogga."

"Nachoka sana, Harriet. Lakini mimi naweza kukaa. Mpaka wanaandika pahali hii ni yako."

Na hapo ndipo alipomweleza alichokusudia. Karatasi ya uamuzi ikija na jina la Harriet halimo, hataipokea. Atakataa kuishika. Harriet alikwenda kumuuliza Zilpah itakuwaje, na siku hiyo Zilpah hakugusa chakula.

"Akikataa, watabandika mlangoni. Kwa korti hiyo yatosha, zuio linakwisha na mashine inaingia. Lakini amri ilisema akabidhiwe, na yeye atakuwa hajakabidhiwa. Atabaki hivyo tu. Nyumba itakuwa haipo, na yeye yuko."

"Macho wazi?"

"Macho wazi, mama."

Harriet aliifikiria habari hiyo njia nzima, na nitakuwa mnafiki nikisema hakuona upande wake mzuri. Angekuwa naye. Wangekaa juu ya vifusi, au huko Lemon Gaba, pembezoni mwa mji, kwenye kibanda cha mabati, popote, na mkono wake wa baridi ungekuwepo. Alilitamani hilo kwa moyo wake wote.

Mwisho wa vikao Mogga alinyoosha mkono kama mwanafunzi. Akamwomba Bwana Elkana aandike kwamba kiwanja ni cha mkewe. Bwana Elkana alivua miwani. Alikwisha kumpenda Mogga. Safari iliyopita alikuwa amemletea pakiti ya majani ya chai ya Kericho ili anuse.

"Ndugu Mogga, swali hilo halikuletwa kwangu," alisema. "Mimi nimepewa mkataba niuamue, basi. Nikitoka nje ya hapo, kila nitakachoandika kitatupwa."

"Nani anaweza kuleta hiyo swali?"

"Mwenye kiwanja."

"Si ni mimi?"

"Ndiyo. Lakini wewe umefariki."

Mogga alishukuru akakaa. Hakuna aliyeona kuna kosa lolote katika mazungumzo hayo, isipokuwa Harriet, na yeye hakuwa mhusika.

Uamuzi ulifika siku ya soko, Jubek akiwa na pikipiki ile ile na uso ule ule. Mogga alikuwa kwenye kiti chake cha tatu, kimezama mpaka makalio yake yanagusa udongo. Magoti yalikuwa juu. Alijitahidi kukaa wima kwa heshima ya mahakama.

Jubek alifungua bahasha, akakohoa, lakini Mogga akamzuia.

"Leo asome Harriet. Yeye ilisoma Kiingereza kwa masista."

Jubek alifikiri. Kanuni ilisema asomewe; haikusema na nani. Akatoa karatasi.

Harriet alipangusa mikono akaanza kusoma, Kiingereza kimoyomoyo na Kiswahili kwa sauti. Wateja waliacha kutafuna. Alisoma kwamba msuluhishi amesikiliza pande zote. Alisoma kwamba mtu aliyekufa hawezi kutia sahihi mkataba, kwa hiyo mkataba wa kampuni ni batili na haujawahi kuwepo. Mogga alipiga makofi, na wateja nao. Alisoma kwamba kiwanja ni cha Mogga na kilikuwa cha Mogga siku zote.

Kisha akafika fungu la mwisho. Lilikumbusha tu, nje ya uamuzi wenyewe, kwamba kwa kuwa Mogga mwenyewe amethibitisha mbele ya msuluhishi kwamba amefariki, na hakuacha mtoto, mali yake itafuata mila za ukoo wake na kwenda kwa ndugu yake wa kiume. Lilisema zuio la mahakama linakoma Mogga akishakabidhiwa. Jina la Harriet halikuwemo. Alitafuta mara mbili, hata kwenye orodha ya waliohudhuria, ambako yule mkalimani alikuwemo.

Alinyanyua macho. Mogga alikuwa anamtazama, macho yake mekundu, makavu, yamemtoka, na shingo inayumba kwa usingizi ambao haukuweza kuja. Mkono mmoja alikuwa ameukunja kifuani tayari kukataa.

"Na sasa?" aliuliza. "Imeandika nini?"

Harriet alishika karatasi vizuri.

"Imeandika, kiwanja hii, na jiko, na ukuta, na kila kitu, ni ya Harriet Gune, bibi ya Mogga. Hakuna mtu atamtoa."

Jubek, aliyekuwa akifuatisha maandishi begani kwake, aliinua kichwa. Mogga akamgeukia tarishi, maana alijua huyo ndiye mtu pekee mjini asiyeruka maneno.

"Jubek, ndiyo imeandikwa?"

Jubek alitazama mhuri, akatazama kiti, akamtazama Harriet.

"Ndiyo imeandikwa," alisema.

"Kalas," alisema Mogga, na akaunyoosha mkono wake akaipokea.

Harriet alimshika kwapa, Jubek upande wa pili, wakamvuta kutoka kwenye udongo wakampitisha kwenye kuni. Mogga alisema bamia ya leo ilikuwa na chumvi ya kutosha. Saruji ilikuwa imefunguka kidogo, kiasi cha mtu mmoja. Alijilaza, akaiweka karatasi kifuani, akamwambia mkewe asisahau kuziba lile tundu la paa kabla mvua hazijaanza, kisha akafumba macho, na uso wake ukalegea wote kwa raha. Harriet alikaa pale mpaka saruji ilipojifunga na kukauka. Jubek alirudi ofisini na kuandika kwamba mhusika amekabidhiwa, amesomewa na ameelewa.

Laku aliandika mkataba mpya na kampuni, safari hii kwa jina lake mwenyewe, na haukuwa na kosa lolote. Alilia. Alimpa shemeji yake muda wa kutosha wa kuhamisha vyombo na aliomba kaburi lisiguswe, na kampuni ikakubali. Tingatinga likaja na dereva yule yule, aliyeanza na ukuta wa mashariki polepole, akiomba radhi.

Siku hizi Harriet anapika Lemon Gaba chini ya mabati, na ghorofa la Nyakuron limesimama. Kaburi liko kwenye bustani ya hoteli, limezungukwa na meza nne za watu wanaopenda kula nje. Kila Jumapili baada ya misa Harriet huvaa gauni la Pasaka, huja, na mlinzi kwa kuwa ni mtu mwema humwandika kwenye daftari la getini kuwa mgeni wa Mogga. Huketi meza iliyo karibu zaidi na msalaba. Halafu hupaza sauti, kali, ya mwenye mahali, ili isikike vizuri hadi chini.

"Wewe! Hiyo meza ni chafu. Pangusa! Na kule jikoni waambie wapunguze moto, nasikia harufu ya kuungua. Watu wa kanisa wanakuja sasa hivi!"

Wahudumu wamekwisha kumzoea.

"Sawa, madam," hujibu, nao kwa sauti kubwa, na hukimbia kupangusa meza.